Isale Moja Kuvuka Msitu wa Meru

Tangu tumzike Baba mmeniuliza mara tatu, nyinyi wa kikao chetu cha Jumamosi, ile safari ya msituni ilikuwaje, na mara zote nimewajibu "salama" kisha nikaomba chai. Haikuwa salama. Naiandika kwa sababu kila nikijaribu kuisimulia kwa mdomo nafika mahali fulani sauti inagoma. Habari za vibali, nani aliruhusu nini, naziruka.

Sekei

Baba alikuwa askari wa misitu kwa miaka mingi kabla sijamfahamu kama mzee wa kiti cha plastiki pale barazani kwetu Sekei. Mwaka huu mapafu yake yaliisha. Daktari alishasema la kusema, na sisi tulishaacha kumuuliza.

Asubuhi moja aliniita, akaniambia nikate jani la isale kwenye uzio wa shangazi, nilifunge fundo.

Kwa wale mliotoka mbali: isale ni mmea wenye majani marefu yanayochongoka, mabichi mwaka mzima. Sisi Wameru huupanda mpakani ili kiwanja kijulikane ni cha nani. Huupanda kaburini ili aliyelala pale asipotee. Na mtu aliyekosa akilipeleka jani lake kwa aliyemkosea, likiwa limefungwa fundo, hawezi kurudishwa nalo mkononi.

"Lipeleke Ngare Nanyuki," Baba alisema. "Kwa Mama Anaeli. Marehemu mume wake alikuwa mrina asali. Walikaa humo humo msituni. Niliwachomea mizinga."

"Mizinga tu, Baba?"

Alikohoa kwa muda mrefu. Mtu anayekohoa vile humuulizi swali mara ya pili.

"Mizinga," alisema.

Nilimwambia nitapanda gari la asubuhi, kufika saa sita mchana nitakuwa nimeshalikabidhi.

"Isale haliendi kwa barabara kama mchicha wa sokoni. Litapita njia waliyopita wao siku ile. Msituni. Nataka kusikia kwamba limefika kabla sijaondoka."

Hakusema anaondoka kwenda wapi. Nami nitawaambia ukweli wangu: nilifurahi. Mwaka mzima nilikuwa naandika riwaya yenye msitu ndani yake, na msitu wenyewe nilikuwa nautazama dirishani, mstari mweusi chini ya mawingu ya Meru. Niliondoka nyumbani kwa mtu anayekufa nikiwa na daftari jipya.

Mulala, siku ambayo hatukwenda popote

Mtu wa kunivusha alikuwa Baba Nai, fundi wa mabomba wa kijiji cha Mulala, ambaye kwa sababu ya kufuata maji hadi kwenye chanzo anaujua msitu kuliko shamba lake. Nilimkuta ndani ya matope hadi kiunoni. Mvua ilikuwa imebomoa mfereji, na kijiji kizima kilikuwa pale na majembe.

"Tunaondoka saa ngapi?" niliuliza.

"Kesho. Leo ni mfereji. Na ukikutwa hapa siku ya mfereji, unachimba."

"Hata mgeni?"

"Mgeni hana mikono?"

Nikavua viatu. Kina mama waliokuwa wakipokezana mawe walinitazama nikishika jembe, wakaanza utani.

"Huyu kazi yake nini mjini?"

"Anaandika vitabu."

"Mwandishi! Hilo jembe halina wino, ee!"

"Mwacheni, anaandika. Tazama mstari ulivyopinda."

Tulichimba hadi jua likapinda. Tulikula loshoro kutoka kwenye ndoo moja, mahindi laini na maziwa mgando ya baridi, na sijawahi kula kitu kitamu vile nikiwa na malengelenge viganjani. Maji yaliporudi kwenye mfereji watu waliegemea majembe, wakasikiliza. Halafu kila mtu akachukua jembe lake akaenda.

Nilipofungua begi kutafuta fulana kavu, Baba Nai aliliona lile jani.

"Isale la nani?"

Nikamtajia jina la Baba.

"Ahaa," alisema. "Yule."

Alinawa mikono mara mbili. Utani wote ulikuwa umemtoka usoni. "Kesho alfajiri," aliniambia, "na uvae suruali nzito. Huko kuna thabai, majani yanayochoma kama moto."

Msituni

Mibuni na migomba iliisha ghafla, kama mtu aliyekatishwa maneno. Ukafuata mstari wa mikaratusi, na baada ya mikaratusi, giza la kijani.

Nilikuwa nimeandika kwamba msitu unanong'ona. Haunong'oni. Unadondosha. Maji yanadondoka kutoka jani la juu kwenda jani la chini, na la chini zaidi, hata kama mvua imekata tangu jana, na baada ya saa mbili huna nguo kavu wala wazo kavu. Miti imefuga ndevu. Udongo ni mweusi na laini, ukikanyaga unameza mguu. Mbega walituona kabla hatujawaona; walikoroma kule juu, kisha mikia yao myeupe ikapita kati ya matawi kama nguo zilizochukuliwa na upepo kambani.

Ni pazuri. Hilo siwezi kulikana. Lakini kila baada ya mwendo kidogo tulipita kwenye shimo refu lililojaa majani makavu, na kando yake kisiki kipana kuliko meza ya kwetu.

"Shimo la wapasua mbao," alisema Baba Nai. "Mmoja anasimama juu ya gogo, mmoja anaingia shimoni, msumeno katikati. Wa chini anakula unga wa mbao siku nzima."

"Msituni humu inaruhusiwa?"

Alinitazama kwa huruma. "Waliokuwa wanakaa humu wangewazuia. Mrina asali hawezi kuacha mti wenye maua ukatwe. Ndiyo maana walitangulizwa wao kutoka."

Akanieleza tukitembea. Babu yake yule mrina asali aliwekwa msituni na wazee wa ukoo ili alinde chanzo cha maji. Alijenga, akazaa, akazikwa huko. Mwanawe hivyo hivyo. Halafu mpaka wa hifadhi ulisogezwa, na asubuhi moja familia ile iliamka ikaambiwa ni wavamizi.

Tulilala kwenye kibanda cha bomba. Siku ya pili, kabla ya adhuhuri, tulifika mahali palipokuwa tambarare, na thabai zimesimama hadi kifuani. Niliingiza mkono kuzisogeza, nikapiga kelele.

"Nilikwambia," alisema. "Thabai hupenda samadi. Ukiona zimejaa hivi, palikuwa na zizi. Hapa ndipo palikuwa kwao."

Nilitafuta alama. Nyumba ya Mmeru inaweza kuanguka, mabati yakaibwa, lakini masale ya mpakani hubaki yamesimama mstari hata miaka hamsini. Hapakuwa na hata moja.

"Masale yao yako wapi?"

"Yaling'olewa."

"Na nani?"

"Mwandishi," alisema Baba Nai, "tembea."

Ngare Nanyuki

Tulitoka msituni alasiri, upande wa pili wa mlima, na sikuamini kwamba ni mlima ule ule. Vumbi. Mashamba ya nyanya, upepo mkavu, jua la kuchoma shingo. Maji yao yana madini yanayogeuza meno kuwa kahawia na kupinda miguu ya watoto. Niliwaza juu ya yale maji ya Mulala niliyoyachota kwa kiganja bila kufikiri, na juu ya watu waliohamishwa kutoka mdomoni mwa chemchemi kuletwa hapa.

Baba Nai alisimama dukani kununua ugoro, mimi nikatangulia. Kwenye ua alionielekeza, mama mmoja wa makamo alikuwa anachambua nyanya.

"Shikamoo mama. Namtafuta Mama Anaeli."

"Marahaba. Amesafiri."

"Atarudi lini?"

"Hakusema." Alikuwa anatazama daftari langu. Majirani wawili walisogea uzioni. Mmoja aliuliza, "Umekuja kupima?"

"Kupima nini?"

"Wote huanza hivyo hivyo. 'Kupima nini?' Kesho yake kuna alama nyekundu ukutani."

Niliapa kwamba mimi si mpima ardhi. Nikasema naandika hadithi. Hilo liliwatia wasiwasi zaidi. Walikuwa wameanza kuniuliza hizo hadithi naziandikia ofisi gani, ndipo Baba Nai alipoingia na ugoro wake na kusema kwa sauti kubwa, "Shikamoo Mama Anaeli! Naona mgeni wako umeshampokea."

Mama aliyesafiri akacheka hadi akaziba mdomo kwa kitenge. Majirani wakacheka. Mimi pia. Ndicho kicheko cha mwisho ninachokikumbuka upande ule wa mlima.

Nilitoa isale kwa mikono miwili. Nikasema nimetoka Sekei, nikataja jina la Baba, nikasema ni mgonjwa sana na anaomba msamaha kwa ajili ya mizinga.

"Kwa ajili ya nini?"

"Mizinga. Mizinga ya marehemu."

Mwanawe, Anaeli, alikuwa ametokea mlangoni. Ana umri kama wangu. Alisema, "Mama, mrudishie jani lake."

"Isale halirudishwi, wewe." Alilichukua, akaligeuza, akagusa fundo kwa kidole gumba. "Aling'oa masale yangu yote, mstari mzima, kwa mkono wake. Leo ananiletea moja."

Akaniambia nikae. Alisimulia huku anaendelea kuchambua nyanya, nzuri huku, zilizopasuka kule, na hakukosea hata moja.

Mume wake alikuwa ameenda mjini kuuza asali siku ile. Askari walikuja watatu. Yeye alikuwa na siku tisa tangu ajifungue. Aliwaomba wasubiri mvua ikatike. Wakasema amri ni ya leo. Walichoma nyumba, ikakataa kushika kwa sababu ya unyevu, wakaichoma tena. Alikaa chini ya mti na mtoto kifuani na Anaeli mgongoni, na mvua haikukatika. Kabla ya kukucha mwili wa mtoto ulikuwa wa baridi. Yeye mwenyewe alikuwa anatoka damu. Askari wawili walikata miti wakatengeneza machela, wakambeba kumshusha upande huu. Wa tatu alibaki kuzika.

"Baba yako," alisema. "Sikuona alipomlaza. Nilimwambia, panda isale. Akasema ndiyo, mama. Mume wangu alirudi msituni mara tatu kutafuta isale lile. Hakuliona. Amekufa akiniuliza mimi, na mimi nilikuwa kwenye machela, nimefumba macho."

Nilikuwa nimeshika daftari. Nililiweka chini.

"Jani nimelipokea," alisema. "Siwezi kulikataa. Sasa na mimi nina langu. Nataka nijue mtoto wangu amelala wapi. Hilo tu."

Kilima cha kanisa

Simu hushika mtandao kwenye kilima lilipo kanisa la Kilutheri. Tulipanda wanne. Shangazi alipokea kule Sekei, akamwekea Baba simu sikioni. Nilisema, "Baba, niko na Mama Anaeli," nikampa.

Walisalimiana kwa Kimeru, salamu ndefu, kamili, za nyumba na mifugo na afya, kana kwamba wanakutana harusini. Kisha aliuliza, "Ulipanda?"

Alikuwa ameweka sauti ya nje. Tulisikia Baba akivuta pumzi.

"Sikupanda."

"Kwa nini?"

"Amri ilikuwa isibaki alama. Penye isale pana mwenyewe."

Anaeli aligeuka akatazama mashamba. Mama yake hakugeuka. "Wapi?" aliuliza.

"Ukifuata kijito kutoka kwenu kwenda juu, pale kinapogawanyika mara mbili. Mkono wa kulia. Chini ya mti mkubwa wa mpodo. Nilichimba kwa panga. Nilimfunga koti langu."

"Kichwa ulikielekeza wapi?"

"Mlimani."

"Haya," alisema. Akanirudishia simu kama mtu anavyorudisha kikombe.

Kurudi juu

Tuliondoka alfajiri. Anaeli alinikabidhi panga. "Shika wewe," alisema. "Kwenu mnaujua huu mchezo." Nililishika. Mama Anaeli alitembea na fimbo, akipumzika kila baada ya mlima mdogo, na alikataa kushikwa mkono. Kitenge chake kilikuwa kimefungasha vipande vinne vya isale vyenye mizizi.

Kijito tulikipata. Lakini mafuriko ya miaka yote hiyo yalikuwa yamekivuruga. Hakikugawanyika mara mbili, kiligawanyika mara tatu mahali pamoja na mara mbili mahali pengine juu yake. Na hapakuwa na mpodo. Palikuwa na visiki vimeoza, vimevaa uyoga, na mashimo ya wapasua mbao, moja baada ya jingine, upande wa kulia na wa kushoto.

Tulitafuta hadi saa tisa. Baba Nai alikuwa anapima kwa hatua na kujisemea. Anaeli aliniita mara mbili kwa jina la baba yangu, sijui kama alikusudia. Mimi nilifyeka. Nilifyeka kama mtu anayeweza kukuta kitu.

Mama Anaeli aliketi kando ya kisiki kimoja, kisicho na tofauti na vingine.

"Hapa," alisema.

Anaeli alisogea. "Mama, umejuaje?"

"Sijajua. Nimechoka kutokujua. Hapa."

Baba Nai alivua kofia. Tukapanda masale, moja kila kona, yakawa mstatili mdogo ambao mtu mzima angeweza kuuruka. Mama Anaeli aliomba Sala ya Bwana peke yake, kwa sauti ya chini, kisha akalitaja jina. Alimpa jina siku ile pale, hakuwahi kuwa nalo. Sitaliandika.

Anaeli alianza kusogeza mawe kuzunguka. Nilipoinama kumsaidia alisema, "Wewe acha." Baadaye, bila kunitazama: "Lile kubwa. Shika upande ule."

Wakati wa kushuka, Mama Anaeli alinisubiri.

"Ukifika mwambie baba yako tumepaona."

"Lakini mama, hatu..."

"Mwambie ni chini ya mpodo, kama alivyosema. Na mpodo bado upo. Mtu hafi vizuri akiwa anatafuta kitu. Mimi najua, nimemtazama mume wangu."

"Ndiyo, mama."

"Nimekutuma," alisema.

Sekei tena

Safari hii nilirudi kwa gari. Baba alikuwa amelala ubavu, ametazama ukuta, amekuwa mdogo kitandani. Nilikaa ukingoni nikamwambia isale limefika, limepokelewa. Nikamwambia tumepaona.

Alifumbua macho. "Wapi?"

"Pale pale ulipoelekeza. Chini ya mpodo. Mpodo bado upo, Baba. Umekuwa mkubwa."

Aligeuka akanitazama.

"Mpodo ule niliuuza mimi," alisema. "Mwaka uliofuata. Nilisimama pale nikawaonyesha wapasuaji wapi pa kuchimba shimo lao."

Nilitaka kumuuliza kama shimo lile lilichimbwa juu ya mtoto au kando yake, na sikuuliza, na siku nne zilizobaki sikuuliza, ingawa kulikuwa na saa nyingi ambazo tulikuwa wawili tu, yeye akivuta pumzi na mimi nikizihesabu.

Msibani mlikuja wote, na nawashukuru. Huenda mlimwona mama mmoja mwenye fimbo aliyeketi na kina mama wa Kimeru upande wa migomba. Alitoka Ngare Nanyuki na mwanawe. Zamu yake ya kutupa udongo ilipofika alitupa kama wengine, akafuta mkono. Baadaye alikuja nilipokuwa nimesimama, akanishika kiwiko, akaniuliza kama Baba aliupata ule ujumbe kabla hajaondoka.

"Aliupata," nikamwambia.

"Akasemaje?"

"Alisema asante, mama."

Akaitikia kwa kichwa taratibu, akaridhika, akaenda kumtafuta Anaeli wawahi gari.